BISKUTI ZA SIAGI NA CHAI YA KIJANI

Chai unaijua. Lakini je, unajua kwamba majani ya chai huweza pia kuliwa? Huko Japani watu husaga majani ya chai ya kijani yakawa unga laini. Unga huo huitwa macha. Hunywewa, na pia hutiwa katika keki na biskuti. Biskuti za namna hiyo tunaweza kuzioka nyumbani, hata kama hatuna tanuri.

Chai ya kijani ni nini?

Watu wengine hudhani kwamba chai ya kijani hutoka katika mmea mwingine. Sivyo. Mmea ni ule ule unaolimwa Rungwe, Mufindi na Kericho. Tofauti ni kazi inayofanywa baada ya kuchuma. Jani likinyauka na kupondwa, hewa huligeuza rangi, kama kiazi kilichomenywa kinavyogeuka. Hiyo ndiyo chai yetu ya kila siku. Lakini jani likipata moto mapema, halibadiliki. Wajapani hulipitisha katika mvuke. Wachina wengi hulikaanga katika karai kavu. Basi moto wa kiasi hulinda rangi ya jani. Moto mkali huiunguza. Katika kuoka, kumbuka neno hilo.

Vitu vinavyohitajiwa

Siagi gramu 100.
Sukari vijiko 4 vya chakula.
Unga wa ngano gramu 150, yaani kama kikombe kimoja na robo.
Unga wa chai ya kijani vijiko 2 vya chai.
Chumvi kidogo sana.

Kama huna macha, twanga majani makavu ya chai ya kijani katika kinu kidogo kikavu. Kisha yachekeche kwa kitambaa chepesi. Chenga zitakazobaki usizitupe. Zinafaa kwa kunywa.

Namna ya kutengeneza

1. Piga siagi na sukari kwa mwiko mpaka ziwe laini na nyeupe.

2. Changanya unga wa ngano, chai na chumvi. Tia katika siagi, ukusanye donge. Usitie maji. Maji hufanya unga wa ngano unate, na biskuti huwa ngumu. Siagi huzuia mnato huo, ndiyo maana biskuti humumunyuka mdomoni.

3. Funika donge, uliweke mahali pa baridi kwa nusu saa. Siagi ikiwa laini mno, biskuti zitatandaa.

4. Tandaza mchanga mkavu katika sufuria kubwa. Funika, uipashe moto kwa dakika 15.

5. Fanya vidonge 20, uvibonyeze kidogo. Vipange katika sahani ya bati iliyopakwa siagi, vikiachana. Kama havienei, oka kwa mafungu. Weka sahani juu ya mchanga, ufunike.

6. Punguza makaa ya chini, kisha palia makaa machache juu ya mfuniko, kama unavyooka mkate wa kumimina.

7. Baada ya dakika 12, tazama. Kingo zikianza kugeuka rangi, epua. Usingoje biskuti ziwe za kahawia kama maandazi, kwani hapo chai imekwisha kuungua, nayo huwa chungu. Zikitoka motoni ni laini. Ziache zipoe, zitakauka zenyewe.

Tahadhari

Siagi ni ghali. Moto ukizidi kwa dakika chache tu, fedha yako imepotea. Usiondoke jikoni.

Usiokee katika chumba kilichofungwa. Mkaa hutoa hewa ya sumu isiyo na harufu, nayo huua. Fungua mlango na madirisha, au okea nje.

Katika biskuti hizi tunakula jani lenyewe. Kafeini ya chai imo humo. Kwa hiyo watoto wadogo wasipewe nyingi, hasa jioni, wasije wakakosa usingizi.

Biskuti zilizopoa zitie katika kopo kavu lenye kifuniko. Mgeni akija, utakuwa na kitu cha kumkaribisha.

Maswali

1. Chai ya kijani na chai ya kawaida zinatofautiana kwa nini?
2. Kwa nini hatutii maji katika donge?
3. Utajuaje kwamba biskuti zimeiva?
4. Kwa nini ni hatari kutumia mkaa katika chumba kilichofungwa?