Kusahihisha jina katika cheti cha kuzaliwa: kosa la karani na haki ya nasaba

Ijumaa ya leo tulitazame jambo ambalo wazazi wengi hulidhani ni la ofisini tu, kumbe lina hukumu ya dini ndani yake.

Sisi watu wa pwani ya Kenya jina moja huliandika kwa sura nyingi. Babu ni Athumani, baba ni Othman, na cheti cha mtoto kikasema Osman. Msikitini hakuna anayetatizika. Taabu huanza siku karani wa pasipoti anapolinganisha cheti na kitambulisho cha mzazi, au siku warithi wanapofika kwa Kadhi wakatakiwa kuthibitisha kwamba Athumani aliyefariki ndiye Osman aliyeandikwa kuwa baba yao. Yatima akacheleweshewa haki yake kwa ajili ya herufi.

Sheria ya Usajili wa Vizazi na Vifo, Sura ya 149, imeweka njia. Kosa la uandishi husahihishwa na ofisi ya msajili. Kosa la ukweli wenyewe huhitaji kiapo cha kisheria cha watu wawili wanaoijua habari ile, wakieleza kosa ni lipi na ukweli ni upi. Kisha sahihisho huandikwa pambizoni mwa daftari, na maandishi ya asili huachwa yalivyo. (Waliosoma elimu ya Hadithi hawatalishangaa hili. Wanakili wa zamani walichukia kukwangua neno. Lililosahauliwa waliliandika katika hashiya pamoja na neno "sahha", ili msomaji aone kilichokuwapo na kilichorekebishwa.)

Ama mzazi aliyempa mwanawe jina jingine, sheria hiyo imempa miaka 2 tangu usajili kuliandikisha. Na dini haikatazi. Mtume (S.A.W.) alimbadilisha Asiya, jina lenye maana ya mwasi, akamwita Jamila. Lakini swahaba Huwaytib aliendelea kuitwa bin Abd al-Uzza, ijapokuwa jina la baba yake lilitaja sanamu. Jina la mtu hubadilika, nasaba haibadiliki.

Hapa ndipo penye hatari. Ami au mjomba amemlea mtoto tangu uchangani, anampenda, naye anataka cheti "kisahihishwe" ili yeye aandikwe baba, mambo ya shule na safari yawe mepesi. Nia ni njema, lakini watu wawili wataapa juu ya jambo wanalojua si kweli. Zayd bin Haritha aliitwa Zayd bin Muhammad mpaka aya ya 5 ya Surat al-Ahzab ikaagiza watu waitwe kwa baba zao. Ikiwa mapenzi ya Mtume kwa Zayd hayakutosha kuibadilisha nasaba, yetu yatatosha vipi?

Na madhara yake si ya Akhera peke yake. Karatasi ile itamfanya binti wa ami kuwa dada yake, ilhali kisheria ya Kiislamu anaweza kumwoa. Na dada yake wa kweli kwa baba, anayeishi mji mwingine, ataonekana mgeni asiyemhusu. Atakosa fungu lake kwa baba aliyemzaa, na atapunguza mafungu ya warithi wa aliyemlea.

Mlezi hana haja ya kufika huko. Sheria ya Watoto ya mwaka 2022 inaitambua kafala kwa jina lake: Mwislamu kumchukua mtoto na kumlea bila mtoto huyo kustahiki jina la ukoo wa mlezi wala urithi wa moja kwa moja. Na anayetaka kumwachia mali, mlango wa wasia uko wazi mpaka thuluthi.

Kwa wenye kosa la kweli, nendeni na cheti, vitambulisho vya wazazi na mashahidi walio hai. Shangazi mwenye kumbukumbu leo huenda mwakani asiwepo. Cheti kipya kikitoka, kisomeni herufi kwa herufi mbele ya karani kabla ya kuondoka dirishani.