Rusinga, Kisiwa cha Volkano Upande wa Pili wa Ziwa

Mkazi wa Mwanza amekulia kwenye mawe ya aina moja. Mwamba wa Bismarck, vilele vya Capri Point, Kisiwa cha Saanane, vilima ambavyo nyumba zimebanana juu yake kuanzia Igogo hadi Mabatini, vyote ni itale, jiwe lililopoa taratibu ndani kabisa ya ardhi zaidi ya miaka bilioni mbili na nusu iliyopita. Ukilizunguka Ziwa Victoria hilihili hadi kona yake ya kaskazini mashariki, upande wa Kenya, unakuta visiwa ambavyo mawe yake ni ya ukoo mwingine kabisa. Ni meusi au ya kijivu, mepesi kuvunjika, na mchanga wa ufukweni ni mweusi, wa moto kiasi kwamba ifikapo saa saba mchana hakuna anayevua viatu.

Visiwa hivyo ni Rusinga na Mfangano, katika Kaunti ya Homa Bay. Kenya ina kipande kidogo tu cha Ziwa Victoria, takriban asilimia 6, wakati sisi Watanzania tunamiliki karibu nusu. Lakini katika kipande hicho kidogo wana kitu ambacho sisi ziwani hatuna: mabaki ya mlima mzima wa volkano. Mlima huo huitwa Kisingiri. Kitovu chake kilikuwa bara, kwenye vilima vya Rangwa kusini mwa Mbita, na yapata miaka milioni 20 iliyopita ulianza kutema lava na majivu, ukaendelea hivyo kwa mamilioni ya miaka. Mvua na upepo vikaula. Vilima vya Gembe na Gwassi ni mbavu zilizosalia, na Rusinga na Mfangano ni vipande vya miteremko yake.

Wakati Kisingiri ulipokuwa ukilipuka hapakuwa na ziwa. Ziwa Victoria linakadiriwa kuwa na umri wa miaka laki nne hivi. Rusinga, kwa hiyo, haikuzaliwa kisiwa. Ilikuwa ubavu wa mlima wenye msitu, nyani na mito, na maji yalikuja kuizunguka baadaye sana. Anayekwenda huko akilijua hilo ataona mambo tofauti na aliyekwenda kuogelea.

Njia ya kwenda si ngumu. Basi la alfajiri kutoka Mwanza hupita Magu, Lamadi na Bunda, huvuka Mto Mara pale Kirumi, hupanda Tarime na kukushusha Sirari. Beba pasipoti na kadi ya chanjo ya homa ya manjano, na ubadilishe fedha dukani, si kwa vijana wanaokukimbilia na maburungutu mkononi. Ng'ambo ya mpaka ni Isebania. Kutoka hapo ni matatu: Migori, Rongo, kisha kuteremka Homa Bay. Hapo ndipo volkano inapoanza kujitokeza machoni, maana kilima cha Asego kimesimama juu ya mji peke yake, kimechongoka, kana kwamba kilisukumwa kutoka chini jana. Kutoka Homa Bay barabara hufuata ziwa hadi Mbita.

Mbita ni mji mdogo wenye kelele kubwa: soko la samaki, kivuko cha kwenda Luanda K'Otieno upande wa Siaya, na kampasi ya ICIPE, kituo cha utafiti wa wadudu kilichoanzishwa mwaka 1970 na mwanasayansi Mkenya Thomas Odhiambo. Rusinga iko mbele yako, imetenganishwa na bara kwa mkondo mwembamba. Katika miaka ya 1980 mkondo huo ulizibwa kwa tuta la mawe ili magari yapite. Magari yakapita kweli, lakini maji yakasimama, magugu yakajazana, na mitumbwi ikalazimika kukizunguka kisiwa kizima ili kufika upande wa pili. Baadaye tuta likakatwa na kujengwa daraja. Mvuvi anayepita chini yake leo huenda hajui kwamba anapita pale palipokuwa ukuta.

Sasa kuhusu usafiri wa kutalii. Visiwa vya volkano vyenye majina makubwa, kama Lanzarote ya Hispania au Santorini ya Ugiriki, huwatembeza wageni kwa vigari vya wazi vyenye magurudumu manene, kwa msafara, mwongozaji akiwa mbele. Hata Nungwi kwetu Unguja vigari hivyo vipo. Rusinga kazi hiyo hufanywa na bodaboda. Unakodi pikipiki mbili, moja yako na nyingine ya mwongozaji, au mkiwa watatu mnachukua bajaji, ambayo wao huiita tuktuk. Kisiwa kina urefu wa kilomita 16 hivi na upana wa kilomita 5 pale palipopanuka zaidi, na barabara inakizunguka, kwa hiyo siku moja inatosha kukiona chote bila haraka. Patana bei ya mzunguko mzima kabla hujapanda. Ukipatana kituo kwa kituo, kila kaburi na kila kilima kitakuwa na nauli yake.

Mimi naiona bodaboda kuwa bora kuliko kigari. Kwenye kigari unakula vumbi la aliyekutangulia na husikii lolote. Kwenye pikipiki dereva anasimama popote, anamsalimia shangazi yake, anauliza kama korongo fulani linapitika baada ya mvua ya jana, na mara nyingi shangazi huyo anajua mengi kuliko mwongozaji. Na kitakachokusaidia zaidi ni Kiswahili chako. Wenyeji huzungumza Kijaluo nyumbani, Kiswahili chao ni cha Kenya, na ukimwamkia mzee kwa shikamoo atajua papo hapo umetoka wapi. Wengi wana ndugu Rorya.

Katikati ya kisiwa kuna kilele cha Lunene, na kwenye miteremko kuna majina ambayo wataalamu wa visukuku duniani kote wanayajua ingawa wakazi wa Nairobi hawayajui: Hiwegi, Kiahera, Gumba, Kaswanga. Pikipiki huachwa kando ya barabara na mnaingia makorongoni kwa miguu. Ardhi ni ya rangi ya majivu yenye mistari ya kahawia, imekatwakatwa na mvua, na kila masika huiondolea ngozi na kutoa vitu vipya. Mwongozaji mzuri huinama, huokota kijiwe kisichozidi ukucha, na kukigusisha ncha ya ulimi. Jiwe la kawaida halinati. Mfupa wa kale hunata, kwa sababu una vitundu vidogo vinavyofyonza mate. Kisha hukirudisha palepale alipokitoa, kikielekea kulekule, maana sheria ya Kenya ya mwaka 2006 ya makumbusho na urithi inakataza mtu kuondoka nacho.

Kwa nini hapa mifupa imehifadhiwa vizuri hivi? Majivu ya Kisingiri yalikuwa ya aina adimu, yenye kaboneti nyingi, jamii moja na yale ya Ol Doinyo Lengai yetu, ambayo ndiyo volkano pekee ya aina hiyo inayolipuka duniani leo. Majivu hayo yakinyeshewa huganda upesi kama saruji. Yaligandisha mifupa, lakini pia mbegu, matunda, mende na viwavi, viumbe laini ambavyo kwa kawaida huoza bila kuacha alama. Umri wa mabaki hayo ni miaka milioni 18 hivi.

Tarehe 2 Oktoba 1948, mtafiti wa visukuku Mary Leakey aliona jino likichungulia kwenye mteremko wa korongo. Nyuma ya jino palikuwa na taya, na baada ya vipande vingi kuunganishwa likapatikana fuvu la Proconsul, jamii ya sokwe wa kale, lenye uso. Hakuna aliyewahi kuona kitu kama hicho. Mary alilipeleka Uingereza mwenyewe kwa ndege ili lichunguzwe, na waandishi wa habari walikuwa wakimngoja uwanjani. Ni Mary huyuhuyu ambaye mwaka 1959 alipata fuvu la Zinjanthropus pale Olduvai, kwa hiyo Mtanzania anayelijua jina lake kwa ajili ya Olduvai afahamu kwamba sifa yake ilianzia hapa, ziwani. Wenzake Waafrika hawatajwi sana. Heselon Mukiri, aliyefanya kazi na akina Leakey kwa miaka mingi na kupata visukuku visivyohesabika, alikumbukwa mwaka 1993 pale aina moja ya Proconsul ilipopewa jina lake, heseloni. Mwaka 2015 watafiti waliwatenga wanyama wa Rusinga na Proconsul wengine, wakawaita Ekembo.

Mnyama huyo hakuwa na mkia. Alitembea kwa miguu minne juu ya matawi, na hakuning'inia kama sokwe wa leo. Tunajua aliishi msituni kwa sababu mashina ya miti ya msitu huo bado yapo ardhini, yamegeuka mawe. Lipo hata shimo moja ambalo mchimbaji wa miaka ya 1950 alilidhania limechimbwa na maji ya mto. Miongo mitatu baadaye watafiti walipokagua upya mifupa yake iliyokuwa imesahaulika kwenye hifadhi ya makumbusho Nairobi, walitambua kwamba shimo lile lilikuwa shina la mti mkubwa lenye uwazi ndani, na uwazi ukajaa wanyama. Anayetaka kuliona fuvu leo aende Nairobi. Rusinga ataona korongo lilikotoka, na mimi nasema korongo linazidi fuvu, maana fuvu unaweza kuliona pichani.

Kituo kinachofuata ni kaburi la mwanasiasa wa Kenya Tom Mboya, Kasawanga. Mboya alizaliwa mwaka 1930 karibu na Thika, baba yake akiwa mfanyakazi wa shamba la mkonge, lakini asili yake ni Rusinga na hapa ndipo alipozikwa baada ya kupigwa risasi Nairobi tarehe 5 Julai 1969, akiwa waziri na umri wa miaka 38. Jengo la kaburi limetengenezwa kwa umbo la risasi. Wapo wanaoona ni ukali uliopitiliza kumjengea mtu umbo la kilichomuua. Mimi naona familia iliamua jambo lisisahaulike, na ilifanikiwa. Msomaji wa Mwanza ana sababu ya kusimama hapo zaidi ya dakika mbili. Septemba 1958 wapigania uhuru wa Afrika Mashariki na Kati, Mboya na Mwalimu Nyerere wakiwamo, walikutana mjini Mwanza na kuunda umoja wao, PAFMECA. Mwaka uliofuata ndege ya kwanza ya wanafunzi ambao Mboya aliwapangia safari ya masomo, 81 kwa jumla, iliruka kwenda Marekani, na katika safari zilizofuata walikuwamo vijana wa Tanganyika.

Watu wa kisiwa hiki kwa asili ni Abasuba, Wabantu ambao simulizi zao zinasema walikuja kwa mitumbwi kutoka Uganda karne kadhaa zilizopita wakikimbia ugomvi wa kifalme. Vizazi vya baadaye vilioana na Wajaluo hadi lugha yao ikabaki kwa wazee wachache na kwenye majina ya vilima. Kila Desemba hufanyika tamasha la Rusinga, lenye ngoma, mbio za mitumbwi na vyakula, na humo Kisuba husikika jukwaani.

Maisha ya kila siku hayatamshangaza mtu wa Kirumba. Dagaa, ambao huko ni omena, huanikwa juu ya nyavu kuukuu, sangara ni mbuta, na taa za wavuvi usiku ni zilezile. Vizimba vya kufugia sato vimeongezeka ziwani kama kwetu. Kilicho tofauti ni paneli ndogo za sola kwenye mapaa ya bati. Kati ya mwaka 2012 na 2015 ICIPE na washirika wake waligawa vifaa kwa nyumba zaidi ya 4,000 za kisiwani: paneli, taa mbili, chaja ya simu, na mtego wa mbu unaotoa harufu ya binadamu. Mbu aina ya Anopheles funestus walipungua kwa karibu asilimia 70, na malaria ikapungua kwa karibu theluthi moja katika nyumba zenye mitego. Muulize mama mwenye nyumba, naye atakusifia taa kwanza, kisha chaja. Mbu huwataja mwisho.

Mfangano inahitaji siku yake. Boti hutoka Mbita, na kisiwa ni kirefu kwenda juu kuliko Rusinga. Mlima Kwitutu unakaribia mita 1,700. Kuna michoro ya miviringo myekundu na myeupe kwenye mapango ya Mawanga na Kwitone, inayosemwa kuwa kazi ya Watwa waliotangulia, pamoja na makumbusho madogo ya Abasuba yanayoendeshwa na wenyeji. Kupanda kwenda Kwitone ni kwa miguu tu, na jua la huko halina huruma. Beba maji yako, uanze kabla ya saa mbili asubuhi, na uulize mapema boti ya mwisho ya kurudi Mbita inaondoka saa ngapi, kwa sababu upepo wa alasiri ziwani huko ni mkali na manahodha wenye akili hawamsubiri mtu.