Bibi Katikati ya Picha

Kwenye filamu zetu nyingi, bibi mzee huingia kwa kazi mbili: kuroga au kulia msibani. Wanaozitengeneza hujitetea kwamba watazamaji wanataka sura changa. Sikubali. Huko Burungu, kama kwingine Masisi, mashariki mwa Kongo, watoto walioketi kando ya moto humtaka bibi aendelee na hadithi. Hawamwulizi miaka yake. Hata kwenye filamu imewezekana: Bi Kidude, mwimbaji wa Zanzibar, alipata tuzo ya muziki ya WOMEX mwaka 2005 akiwa mkongwe tayari, na mwaka uliofuata maisha yake yakawa filamu nzima: ngoma ya unyago ya kuwafunda wasichana, sigara mkononi, sauti nzito yenye mikwaruzo.

Mtu atasema huyo alikuwa wa pekee, tena mwimbaji, si mwigizaji. Ni kweli. Lakini tazameni Augure ya mwongozaji Baloji, filamu iliyopigwa Kongo na kutuzwa Cannes mwaka 2023. Humo Mama Mujila, anayechezwa na Yves-Marina Gnahoua, anaanza kama mama mkali aliyemkataa mwanawe aliyeitwa mchawi; kisha hadithi inamgeukia yeye, nasi tunauona uchungu wake. Umri wake ndio unaoipa filamu uzito. Ninyi mnaoshika kamera Goma, mkiandika filamu ijayo, mpeni bibi jina, nia na maneno ya kusema.