Utangulizi: Programu Inayogonga Saa

Saa inayokaa pembeni mwa skrini na kupiga kengele kila robo saa ina ugumu gani? Karibu, uone.

Kujua wakati si tatizo. Ndani ya kompyuta mna kipande cha kwatzi kinachotetemeka mara 32,768 kwa sekunde. Igawe idadi hiyo kwa mbili mara 15, utabaki na moja, yaani sekunde yenyewe. Betri ndogo ya kidonge huiendesha saa hiyo hata mashine ikizimwa.

Kazi iko kwenye kugonga. Programu nyingi za aina hii huiga kengele za Westminster, London, ambazo mlio wake ulitungwa Cambridge mwaka 1793: noti nne tu, zinazopangwa na kupanguliwa. Robo ya kwanza hupata fungu moja la mlio, nusu saa mawili, saa kamili manne, ndipo Big Ben, kengele kubwa ya mnara huo wa London, huhesabu saa. Kule mnarani, pigo la kwanza la Big Ben ndilo saa kamili, hivyo mlio hutangulia. Programu inayongoja saa itimie ndipo ianze mlio imeshachelewa, nami nimezisikia nyingi za hivyo, tena za kulipia.

Anayeanza huiambia programu iangalie kila sekunde: dakika na sekunde zikiwa sifuri, gonga. Kompyuta ikielemewa sekunde hiyo hiyo, saa hupita kimya. Akiiagiza iangalie mara kumi kwa sekunde, kengele hurudiarudia. Intaneti ikiirekebisha saa kwa kuirudisha nyuma kidogo, saa ileile hugongwa mara mbili. Lazima programu ikumbuke robo iliyogonga mwisho.

Na mtu akiifunika kompyuta mpakato yake asubuhi, akaifunua alasiri, je, kengele zote zilizopita zilipwe kama deni? Kwangu mimi hapana. Kengele iliyopitwa na wakati ni kelele tu.

Kwetu kuna jambo la ziada. Tunapoamka saa moja asubuhi, programu hizi hugonga mara saba. Kwenye saa ya mishale jicho hukimbilia upande wa pili wa duara bila hata kufikiri. Sikio halina upande wa pili. Hesabu yenyewe ni nyepesi: jumlisha 6, ikizidi 12 toa 12. Sura ya kwanza inaanza kwa kuiandika.