Noti Ndani ya Kiatu

Msichana wa miaka 15 anamsaidia mama yake kuuza nyanya sokoni Mudaka, kando ya barabara ya Bukavu kwenda Kavumu. Mpe mwandishi chipukizi kisa hiki cha tamthilia ya vijana, naye atamtia msichana maneno kinywani: “Mama, elimu ni ufunguo wa maisha.” Hapo kijana anayetazama ameshabadilisha chaneli.

Mwandishi aliyekomaa humwacha ahesabu pesa za mauzo, arudie kuhesabu, kisha achomeke noti ya franka 500 ndani ya kiatu. Mama anauliza: “Njo zote?” “Njo zote, mama.” Basi. Elimu ya msingi ya serikali ilifanywa bure nchini Kongo mwaka 2019, lakini sekondari bado inadai minervali, yaani karo, na mtazamaji wa Kongo hahitaji kuambiwa noti ile ni ya nini. Hata hiyo “njo” usiiguse. Ukiisahihisha iwe “ndizo” ya Kiswahili sanifu, msichana anageuka mwalimu.

Kazi ya mwandishi wa skripti, kwa sehemu kubwa, ni hiyo: kusikiliza, kisha kufuta. Ukurasa mmoja wa skripti huchukua kama dakika moja kwenye skrini, kwa hiyo kipindi cha dakika 25 ni kurasa 25 hivi. Hakuna nafasi ya hotuba. Kabla ya skripti huandikwa mwongozo wa tamthilia nzima, unaosema kila mhusika anataka nini na anaogopa nini. Mara nyingi waandishi hukaa kwa kikundi, na ulichoandika jana mwenzako anakipangua leo. Mwenye kununa hadumu.

Kazi hii pia inataka subira. Mwandishi Malenga Mulendema wa Zambia alikua akitazama katuni ambazo mashujaa wake hawakufanana naye. Wazo lake la wasichana wanne wanaoilinda Lusaka lilishinda katika mpango wa Triggerfish, studio ya Afrika Kusini, mwaka 2015. Katuni iliyotokana na wazo hilo, Supa Team 4, ilitoka Netflix Julai 2023. Miaka minane! Ndiyo maana nawashauri vijana wasiache kwanza kazi inayowalisha.

Kwa kijana wa Mudaka anayetaka kuandika, njia ya karibu ni redio. Bukavu ina Radio Maendeleo tangu 1993, na mchezo wa redio hautaki kamera, unataka sauti na sikio zuri. Siku ya soko nenda na daftari, uandike mabishano matatu ya bei kama yalivyosemwa, bila kurekebisha neno.