Gugu karoti: adui wa ngozi asiye na haraka

Mvua zikishanyesha Arusha, angalia kando ya barabara, mitaroni na kwenye viwanja ambavyo havijajengwa. Utaona mmea wa kufika kiunoni au kifuani, majani yake yamechanikachanika kama ya karoti, na kichwani umejaa vitone vyeupe. Hilo ndilo gugu karoti, Parthenium hysterophorus, la ukoo mmoja na alizeti. Asili yake ni nchi zinazozunguka Ghuba ya Mexico. Kwa Tanzania liliripotiwa mwaka 2010, hapo hapo Arusha, wakati Ethiopia na Kenya walikuwa wameshahangaika nalo kwa miaka mingi.

Ua lake ni dogo, upana wake milimita 4 hivi. Ukilitazama kwa karibu lina pembe 5, na kila pembe hutoa mbegu moja. Mbegu 5 si kitu, lakini mche mmoja ulioshiba hubeba maua maelfu, na mbegu zake huweza kupita 10,000. Tangu kuota hadi kuchanua huchukua wiki 4 hadi 6 tu. Baada ya hapo ni kazi ya tairi za magari, tope la kwato, mchanga wa ujenzi na majani ya mifugo yanayosafirishwa kutoka kijiji hiki kwenda kile.

Mkulima anayeling'oa kwa mikono mitupu msimu wa kwanza kwa kawaida hapati hata upele, na hapo ndipo wengi wanapodanganyika. Vinyweleo vya mmea huu vina kemikali iitwayo partenini. Ikigusa ngozi, hujishikiza kwenye protini za mwili, na askari wa kinga huanza kuitambua kama mvamizi. Kujifunza huko kunaweza kuchukua miezi, hata miaka. Mwili ukishajifunza, mguso mdogo tu unatosha kuleta ukurutu: ngozi inawasha, inavimba, inatoa majimaji, na hatimaye inakuwa nene na ngumu.

Si lazima hata uliguse. Vumbi la mabua makavu na chavua hupeperuka na kutua usoni. Madaktari wa ngozi wana njia nzuri ya kuutofautisha ugonjwa huu na madhara ya jua: hutazama kope za juu, nyuma ya masikio na chini ya kidevu. Jua halifiki huko kirahisi, vumbi linafika. Wapo pia wanaopata mafua ya mzio na wengine pumu. India inaijua habari hii vizuri, kwani gugu lilienea huko kuanzia miaka ya 1950 na wagonjwa wa ngozi wakafuata.

Ng'ombe hulikwepa, ila malisho yakikauka hawana chaguo, na maziwa yao huwa machungu.

Halafu kuna mbu. Tumezoea kusema mbu anaishi kwa damu, kumbe chakula chake cha kila siku ni sukari ya mimea. Damu ni ya jike anayetaka kutaga. Mwaka 2015 watafiti wa kituo cha icipe, Nairobi, walionyesha kwamba jike wa Anopheles gambiae, msambazaji mkuu wa malaria, hunyonya gugu karoti, hujiwekea akiba ya nguvu na huendelea kuishi hata akikosa damu. Majaribio hayo yalifanywa maabara, kwa hiyo tusiseme kila kichaka kinaleta homa. Hata hivyo, kwangu hiyo ni sababu tosha ya kutoliacha likazunguka nyumba.

Kufyeka hakusaidii sana, maana shina hutoa machipukizi mapya. Ling'oe na mizizi yake udongo ukiwa bado na unyevu, kabla halijachanua, ukiwa umevaa glavu, mikono mirefu na barakoa. Watoto wasitumwe kazi hii. Australia na India wanamtumia pia mbawakavu mdogo kutoka Mexico, Zygogramma bicolorata, anayekula majani yake. Hupunguza kasi ya gugu, halimalizi.

Na ukienda zahanati na ukurutu wa kope unaopona na kurudi, usiishie kueleza unavyowashwa. Mwambie mganga pia unapalilia nini shambani.