Majeraha ya Hoki: Msaidie Mwanao Apone Kabla ya Kurudi Uwanjani

Leo tunazungumza juu ya majeraha ya michezo, hasa hoki, ule mpira wa magongo.

Huenda ukajiuliza, hoki inanihusu nini mimi? Katika sehemu zetu hizi inakuhusu sana. Muhula wa kwanza ukifika, shule nyingi za Trans Nzoia na Bungoma huwa uwanjani. Kitale kuna St. Anthony's. Kimilili kuna Friends School Kamusinga. Kwa wasichana kuna Misikhu, kwenye barabara ya Webuye kwenda Kitale. Hizi ni shule zinazojulikana nchini kwa hoki, na watoto wengi wa shule ndogo wanatamani kufika huko.

Mchezo ni mzuri. Unampa mtoto nguvu, nidhamu na marafiki. Lakini mpira wa hoki ni mgumu kama jiwe, una uzito wa gramu 156 hadi 163, na unapigwa kwa gongo. Kwa hiyo iko siku mtoto atakuja nyumbani akichechemea, au mdomo umepasuka, au anasema kichwa kinamuuma. Utakalofanya siku hiyo na wiki zitakazofuata ndilo litakaloamua kama ataendelea kucheza kwa miaka mingi, au atabaki na goti bovu maisha yake yote.

MCHEZAJI ANADUMU VIPI?

Kenya imewahi kuwa na mchezaji wa hoki aliyedumu kuliko wengi duniani. Ni Avtar Singh Sohal, ambaye wengi walimwita Tari. Alikuwa beki. Aliichezea Kenya katika Olimpiki nne mfululizo: Roma 1960, Tokyo 1964, Mexico 1968 na Munich 1972. Katika tatu za mwisho alikuwa nahodha. Kwa jumla alicheza mechi 167 za kimataifa, hata kitabu cha rekodi cha Guinness kikamtambua. Na miaka hiyo hoki ilichezwa kwenye nyasi, kama watoto wetu wanavyocheza leo. Uwanja wa zulia ulianza kutumika katika Olimpiki mwaka 1976.

Hebu fikiria, mama. Kutoka Olimpiki ya kwanza hadi ya nne ni miaka 12. Beki husimama mbele ya mipira inayopigwa kwa nguvu zote. Mwili wa kufanya kazi hiyo miaka 12 ni mwili unaotunzwa.

Tuchukue mfano mwingine kutoka riadha, maana huyu majeraha yake yalitangazwa. David Rudisha, aliyefanya mazoezi pale Iten, alivunja rekodi ya dunia ya mita 800 huko London mwaka 2012. Mwaka uliofuata aliumia goti. Mashindano ya dunia ya Moscow yakampita akiwa bingwa na mwenye rekodi. Aliporudi mwaka 2014 hakuwa wa kwanza mara moja; kwenye Michezo ya Jumuiya ya Madola alipata fedha. Lakini mwaka 2015 alikuwa bingwa wa dunia tena huko Beijing, na mwaka 2016 akachukua dhahabu ya Olimpiki kwa mara ya pili, huko Rio.

Kama bingwa wa dunia anaweza kukosa mashindano makubwa ili goti lipone, mtoto wako anaweza kukosa mechi ya Jumamosi. Mchezaji anayevumilia maumivu si lazima adumu. Anayedumu ni yule anayepona kabla ya kurudi.

KIFUNDO CHA MGUU NA MISULI

Jeraha la kawaida ni kuteguka kifundo cha mguu, au msuli kuvutika. Viwanja vyetu vina mashimo, na mtoto anakimbia ameinama akitazama mpira. Akiumia, fanya hivi:

Mpumzishe. Asijaribu "kuukimbiza ugonjwa" kwa kuendelea kucheza.

Mwekee baridi. Kama hakuna barafu, kitambaa kilicholowekwa kwenye maji baridi kinatosha. Weka dakika 15 hadi 20, kisha ondoa, na urudie mara kadhaa kwa siku katika siku mbili za kwanza. Barafu isiguse ngozi moja kwa moja.

Funga bendeji kwa kiasi, isibane vidole. Kisha inua mguu juu ya mto anapolala.

Sasa sikiliza hapa, mama. Katika siku mbili tatu za mwanzo usimkande kwa maji moto na usimchue. Wengi wetu tumezoea kuchemsha maji jioni ile ile. Joto na kuchua huongeza damu mahali palipoumia, na uvimbe unazidi.

Kama hawezi kutembea hatua nne, au ukigusa mfupa wenyewe anapiga kelele, au mguu umepinda, huo si wa kutibu nyumbani. Anahitaji kupigwa picha ya eksirei.

MFUPA UKIVUNJIKA

Mpira au gongo linaweza kuvunja kidole, mkono au mfupa wa ugoko. Mifupa ya mtoto bado inakua, na karibu na viungo kuna sehemu laini ambazo mfupa hukulia. Sehemu hiyo ikivunjika na isitengenezwe vizuri, mkono unaweza kukua mfupi au ukapinda.

Najua wengi wenu mna mzee kijijini anayeunga mifupa, naye anaheshimiwa. Lakini hawezi kuona ndani ya mkono bila eksirei. Hatari kubwa zaidi ni kufunga vijiti kwa kubana sana. Damu ikizuiwa, nyama ya mkono huanza kufa kwa muda wa saa chache. Watoto wamekatwa mikono kwa sababu hiyo, na mfupa wenyewe ulikuwa umevunjika kidogo tu. Hata mtoto akifungwa plasta hospitalini, angalia vidole vyake. Vikiwa baridi, vimebadilika rangi, vimekufa ganzi, au maumivu yanazidi badala ya kupungua, mrudishe usiku huo huo. Usingoje kukuche.

Kabla ya kumsafirisha, tuliza mkono kwa leso iliyofungwa shingoni. Usijaribu kuunyoosha. Kama mfupa umetoboa ngozi, funika kwa kitambaa safi na uende haraka hospitali ya rufaa ya Bungoma au ya Kitale. Kila kidonda kilichoingia udongo kisafishwe, na uulize kuhusu chanjo ya pepopunda.

GOTI LA MSICHANA

Mama wa wasichana, goti linahitaji macho yako. Ndani ya goti kuna kano zinazolishikilia. Wasichana wanaoingia utu uzima hukatika kano hizo zaidi ya wavulana, mara nyingi bila hata kugongwa. Msichana anakimbia, anageuka ghafla, anasikia goti limelia "po!", kisha linavimba kwa saa chache. Baada ya wiki mbili uvimbe unapungua, naye anasema amepona. Lakini akigeuka, goti linamwacha.

Goti linalomwacha mtu halijapona. Akirudi uwanjani hivyo, anaweza kuharibu pia ile nyama laini inayokinga mifupa isisagane, na kupata yabisi ya goti angali kijana. Mpeleke akapimwe. Uponaji wa kano iliyokatika huchukua miezi mingi, si wiki.

KICHWA NA MENO

Jeraha la kichwa ndilo la kuogopwa zaidi. Mtoto akigongwa kichwani kisha akawa na kizunguzungu, kichefuchefu, amesahau matokeo ya mechi, au anachelewa kujibu, ubongo wake umetikiswa. Sheria ni moja: asirudi uwanjani siku hiyo, hata kama kocha anamhitaji na hata kama yeye mwenyewe analia anataka kucheza. Akigongwa mara ya pili kabla ubongo haujapona, anaweza kufa.

Mkimbize hospitali mara moja ukiona mojawapo ya haya:
- amezimia, hata kwa muda mfupi
- anatapika tena na tena
- kichwa kinazidi kuuma
- anasinzia na ni vigumu kumwamsha
- anapata degedege
- anatokwa na damu au maji masikioni au puani
- upande mmoja wa mwili umelegea, au anaongea ovyo

Kama shingo inamuuma, asiinuliwe wala kupakiwa kwenye boda boda. Alale pale pale kichwa kikiwa kimetulizwa, mpaka msaada ufike.

Kuna watu husema aliyegongwa kichwa asilale kabisa. Akishapimwa na daktari akaruhusiwa kwenda nyumbani, usingizi humsaidia. Siku moja hadi mbili apumzike, asitazame simu sana, kisha arudi kwenye shughuli polepole. Shule kwanza, mchezo baadaye: kutembea, halafu kukimbia, halafu mazoezi bila kugongana. Mechi iwe ya mwisho, kwa ruhusa ya daktari. Dalili zikirudi, arudi nyuma hatua moja.

Na jino likingʼoka? Kama ni jino la ukubwani, litafute. Lishike upande wa kutafunia, usiguse mzizi. Kama ni chafu, lisuuze kidogo kwa maziwa au maji safi bila kusugua, kisha ulirudishe kwenye tundu lake. Ukishindwa, litie kwenye kikombe cha maziwa baridi. Maziwa hatukosi Kitale. Fika kwa daktari wa meno kabla saa moja haijapita, na jino linaweza kushika tena. Jino la utotoni lisirudishwe.

DAWA ZA KUFICHA MAUMIVU

Kuna mchezo mbaya wa kumpa mtoto vidonge au sindano ya maumivu ili amalize mechi. Maumivu ni kengele ya mwili. Ukiizima kengele, moto bado unawaka. Panadol ya kumsaidia alale si kosa, lakini dawa ya kumsaidia acheze akiwa ameumia ni kosa. Na aliyegongwa kichwa asipewe aspirini, bruffen wala dikilofenaki kabla ya kupimwa, maana zinaweza kuongeza kuvuja damu.

KINGA INAANZIA NYUMBANI

Usipoziba ufa utajenga ukuta. Haya ndiyo ya kuziba ufa:

Chakula. Anayecheza anahitaji kula zaidi ya asiyecheza. Maharagwe, omena, mayai, maziwa, mrenda na sukuma wiki hujenga misuli, damu na mifupa. Msichana anayefanya mazoezi mengi na kula kidogo anaweza kukosa hedhi, na mifupa yake ikadhoofika. Hedhi ikikosekana miezi mitatu, mpeleke kliniki.

Usingizi. Kijana wa miaka 13 hadi 18 anahitaji saa 8 hadi 10 kila usiku. Mwili hujitengeneza wakati wa usingizi.

Kupasha mwili moto. Dakika 15 hadi 20 za kukimbia polepole, kuruka na kutua magoti yakiwa yamekunjwa, na kusimama kwa mguu mmoja hupunguza majeraha ya magoti na vifundo. Haya hayahitaji pesa. Muulize mwalimu wa michezo kama yanafanyika.

Vifaa. Kinga ya ugoko na kinga ya meno ni vya lazima. Ukishindwa na bei, wazazi walizungumzie katika mkutano wa shule. Pale pale mkumbushe mwalimu mkuu kuhusu kufukia mashimo uwanjani kabla ya muhula kuanza.

Na hakikisha familia imeandikishwa katika SHA, iliyochukua nafasi ya NHIF mwaka 2024, mapema kabla mtu hajaumia.

ATARUDI LINI?

Usihesabu siku tu. Tazama mambo matatu. Je, maumivu yameisha bila dawa? Je, uvimbe umeisha na kiungo kinakunjika kama cha upande wa pili? Je, anaweza kuruka kwa mguu ulioumia, akakimbia na kugeuka bila kuogopa? Kama jibu moja ni "hapana", bado. Ukipigiwa simu kwamba timu inamhitaji kesho, jibu kwa heshima: "Mwalimu, hajapona. Akipona nitamleta mwenyewe." Mwalimu mzuri atakuelewa.

Mama mpendwa, mechi ziko nyingi, na muhula mwingine unakuja. Goti halina la akiba, wala ubongo.

MASWALI YA KUJADILI KATIKA KIKUNDI

1. Mtoto akiteguka mguu, kwa nini tusimkande kwa maji moto siku ya kwanza?
2. Taja dalili nne za hatari baada ya kugongwa kichwani.
3. Utamjibu nini mtoto anayesema amepona ilhali goti bado linamwacha?
4. Kikundi chetu kinaweza kuiomba shule ifanye nini kabla ya michezo kuanza?

Yale uliyoyasikia leo mwambie na jirani.